Mifuko Sita ya Simiti

Jumamosi ya tarehe 12 Septemba mwaka 1959, saa tisa kasorobo alasiri, ukuta wa bafu la Mzee Jamleck Wahome wa Uthiru ulianza kusema ukweli.

Joash Were, fundi aliyeujenga, alikuwa ndani, uchi kama siku aliyozaliwa, sabuni mkononi, mgongo kauegemeza ukutani. Hakuegemea kwa raha. Aliegemea kwa kuwa angebanduka yeye, na ukuta ungebanduka. Juu ya kichwa chake maji yalimwagika kama yaliyotumwa. Nje, hatua saba kutoka hapo, walikaa wakwe thelathini na wawili kutoka Limuru, wamevaa makoti ya kanisani, wanasubiri fundi atoke wamsifu.

"Fundi!" Ilikuwa sauti ya Nyanya Wahu, mama yake Jamleck. "Maji yakoje?"

"Matamu, nyanya! Kama ya Yordani!"

"Basi oga tena."

Joash akaoga tena. Alikuwa ameshaoga mara tatu, na tangu afiwe na mkewe hajawahi kuwa safi namna ile, wala kuwa taabani namna ile. Tumwache hapo kidogo na ukuta wake, wanashikana kama walevi wawili, tukaone walikutana vipi.

Wiki sita nyuma Joash alikuwa amesimama katika duka la vifaa vya ujenzi huko mtaa wa River, hanunui kitu, anaota baridi ya kivulini. Akaingia mzee mwenye kofia ya kahawia, viatu vinang'aa juu lakini ukingoni vina udongo mwekundu. Mzee akauliza bei ya vigae vyeupe vya bafuni. Mhindi wa duka akaitaja.

"Kwa bei hiyo," akasema mzee, "afadhali nioge maziwa."

"Maziwa pia imepanda," akajibu Mhindi, akarudi kwenye gazeti lake.

Masikio ya Joash yakasimama. Mtu anayenunua vigae ni tajiri. Mtu anayeulizia vigae kisha akasikia uchungu, huyo ni tajiri mwenye haraka, ana wageni njiani. Na tajiri mwenye wageni njiani ni ng'ombe aliyejipeleka machinjioni, kisu kakibeba mwenyewe mdomoni.

"Mzee wangu," akasema Joash akimfuata nje, "wamekukosea heshima. Mtu kama wewe kuuziwa vigae! Kule Muthangari sasa wazungu wanavibandua."

"Wanaweka nini?"

"Ah," akasema Joash, akatazama huku na huku kama anayelinda siri ya kanisa. "Hiyo si kitu ya kusema barabarani."

Joash hakuzaliwa tapeli. Kwa miaka kumi na minane alikuwa fundi wa mawe na plasta chini ya wakubwa. Alipaka plasta mabafu arobaini na kitu kule Muthangari, na hakuna hata moja aliloruhusiwa kunawia mikono. Ukuta wa bafu la mkubwa ulikuwa mkavu kama biskuti. Ukuta wa chumba alichopewa yeye na mkewe Nanjala, nyuma ya jumba hilo hilo, ulitoa jasho usiku na mchana. Alimwomba mkubwa nusu mfuko wa simiti auzibe. Mkubwa akasema ataandika barua. Barua ilikuwa bado inaandikwa Nanjala alipokufa kwa homa ya mapafu. Joash akakaa matanga siku nne badala ya mbili, akaachishwa kazi. Barua ya kumwachisha, ajabu, haikuchelewa.

Nanjala alizikwa makaburini mjini, juu yake kipande cha bati chenye namba 318. Na mwenye daftari la makaburi, mtu mwenye kalamu tatu kifuani kama kwamba moja haitoshi kuwatesa watu, alimwambia Joash wazi: kaburi lisilowekwa simiti hugeuzwa baada ya miaka miwili, likalazwa mtu mwingine. La Nanjala lilikuwa linatimiza miaka miwili mwisho wa Septemba.

Kwa hiyo Joash alipofika Uthiru kwa mzee yule, ndiye Jamleck, Jumapili baada ya ibada, kuona mahali pa bafu, macho yake hayakuwa kwa kuku aliyechinjiwa. Yalikuwa ghalani, mlango ukiwa wazi nusu. Mle ndani, juu ya vipande vya mbao, ililala mifuko sita ya simiti, mipya, mdomo umeshonwa.

"Hiyo ni ya nini, mzee?"

"Ya hilo hilo bafu. Mama Njambi, mke wangu, anataka lipigwe plasta. Lakini mkwe wangu mtarajiwa ni mwalimu wa katekisimu, mtoto wake amesoma Makerere. Watakuja kumposa binti yetu Njambi. Sasa niwaonyeshe simiti? Simiti hata choo kinayo."

Palepale Joash akaiona njia, imenyooka kama kamba ya fundi. Akiwatoa simiti moyoni, simiti itakosa kazi. Na simiti isiyo na kazi, nani wa kuibeba?

Wakakaa uani kuchagua ukuta. Wangui, mke wa Jamleck, alikuwa na mtoto wa jirani mgongoni na mashaka usoni. Nyanya Wahu alikuwa anapukuchua maharagwe.

"Kwa nini tusipige mabati?" akauliza Nyanya Wahu. "Mabati hayanywi maji."

"Mabati ni ya kuku, nyanya. Maji yakiyapiga, mpaka Kangemi watajua Mzee Jamleck sasa amefika kwapani."

"Mbao je?"

"Zitaota uyoga. Mtakuwa mnaoga na kuvuna."

"Mawe yenyewe hivi hivi?" akauliza Jamleck.

"Mawe ya hapa yana kiu kuliko mlevi. Utaoga upande huu, kabati la mama liote ukungu upande ule."

"Ndiyo maana ya plasta," akasema Wangui. "Jiwe, juu yake simiti moja kwa mchanga tatu, mchanga uwe umeoshwa. Isuguliwe na mwiko wa chuma mpaka ing'ae. Halafu inamwagiwa maji siku saba isipasuke. Si ni hivyo?"

Moyoni Joash alimvulia kofia. Hakuna mkubwa aliyewahi kuyasema vizuri hivyo, na wakubwa walikuwa na vyeti. Lakini mdomoni alicheka kwa huruma.

"Mama Njambi, hayo ni ya zamani za Mjerumani. Dunia imekwenda. Siku hizi ni Marumaru Nyepesi ya Beljiamu."

"Umeiona wewe?"

"Nimeisugua sabuni kwa mikono hii."

Akatoa mkobani kipande kimoja, cha kijani kibichi, kina mistari ya miraba kama vigae, kinang'aa. Jamleck akakishika kama anayeshika mtoto wa mtu mkubwa. Wangui akakigonga kwa kucha. Kikalia *tu, tu*, kama sanduku tupu.

"Mbona nyepesi?"

"Uzito wameuacha Beljiamu, mama, kupunguza nauli."

Sasa ukweli wa marumaru ile ni huu. Ofisi moja ya wakubwa, tusiitaje isije ikatuita, iliagiza mabango mia mbili ya chuma ya kusimamishwa kando ya mito na mabwawa. Pesa zilizotoka zilikuwa za chuma. Mabango yaliyofika yalikuwa ya hadibodi, yaani maranda ya mbao yaliyoshindiliwa mpaka yakajiona ubao. Nani alikula tofauti, hilo halikuandikwa kwenye bango lolote. Mvua ya kwanza ikayavimbisha, wakayang'oa, wakayapiga mnada kama takataka, na Joash akayabeba. Kila bango lilikuwa na maandishi meusi, makubwa, yanaishia na maneno mawili: KWA AMRI. Amri ya nani, haikusemwa. Joash aliyapaka chokaa kuficha herufi, juu ya chokaa rangi ya mafuta ya kijani, akachora miraba kwa msumari. Tapeli wa pili hapo ni yeye. Wa kwanza yuko ofisini na pensheni.

Na usidhani alikuwa mjinga asiyejua maji yatafanya nini. Alijua. Ila alikuwa na hesabu yake, na akaitoboa kwa Jamleck pembeni ya ua walipobaki wawili, mzee alipouliza kama kweli itadumu.

"Mzee wangu, tuambiane kiume. Bafu la mvua ni la kuoga?"

"Si la kuoga?"

"Ni la kuonyesha. Nimejenga manne huku. La Kangemi lina mahindi. La pili lina kuku wa mayai. Lingine mwenyewe kalifunga kufuli, hufungua Krismasi. Tangi la juu linataka madebe kumi na manne. Mwanamke gani wa hapa atabeba maji mgongoni kutoka mtoni, apande nayo ngazi, eti mwanamume asimame chini yake anyeshewe? Mtaendelea na karai zenu, na ukuta wako utakaa mpaka kiama."

Jamleck akacheka mpaka akashika mbavu. Nyuma ya ua wa miti, maharagwe yaliacha kupukuchuliwa kwa muda mdogo, kisha yakaendelea.

Mkataba ulikuwa rahisi. Joash asingelipwa pesa. Kwa heshima tu, na kwa kuwa hawaihitaji tena, angechukua ile mifuko sita. Na ili kumnyamazisha Wangui, ambaye alikuwa hajaacha kukigonga kile kipande, akasimama uani, akashika mkongojo wa Nyanya Wahu, akaapa:

"Ukuta huu ukinywa hata tone moja, nitaujenga upya kwa mikono yangu na simiti yangu!"

Kiapo ni kitu kitamu kikiwa hakina siku.

Bafu likasimama. Pande tatu ni mawe yaliyofunikwa marumaru, upande wa uani ni fremu ya miti na marumaru peke yake. Lilipendeza, lazima tuseme haki. Watu walitoka Kinoo kulitazama. Jumamosi ya posa, mifuko sita ilikuwa imeshapakiwa kwenye mkokoteni wa Nzioka getini, imefungwa kamba, na Joash akawa anaaga kwa unyenyekevu wote wa mtu anayetaka kukimbia.

"Unaenda wapi?" akauliza Nyanya Wahu. "Bado hujaonja."

"Nimeshiba, nyanya, asante."

"Si chakula. Bafu."

Jamleck akakohoa. "Mama, wageni wataona tu, si lazima..."

"Wewe nyamaza, nilikuzaa mimi. Aliyepika pombe anaonja kwanza mbele ya wageni, wajue haina sumu. Muratina ni hivyo, uji ni hivyo. Wakwe watanawa humo vumbi ya Limuru kabla aliyelijenga hajalionja? Unataka waseme tumewategea?"

Wazee wa Limuru wakatikisa vichwa. Bibi kasema kweli, mila ni mila.

Joash hakuogopa. Alitabasamu hata. "Kwa furaha, nyanya! Pole tu kwamba tangi halina maji."

"Fungua uone," akasema Nyanya Wahu.

Akaingia na sabuni na karai alivyopewa, akavua, akaning'iniza nguo msumarini nje ya mlango, akafungua bomba akingojea upepo. Yakaja maji. Yalikuwa mengi, baridi ya mtoni, hayana haya. Madebe kumi na manne, hakuna lililopungua. Akajaribu kulifunga bomba. Bomba jipya la bei rahisi, alilolinunua yeye mwenyewe, likazunguka mkononi mwake halifungi wala halifunguki.

Hapo ndipo tulipomwacha. Chokaa ilikuwa imeanza kuachia chini ya rangi. Rangi ikawa inajivua vipande vipande kama nyoka, maji yakaingia kwenye mistari ya msumari, hadibodi ikavimba kama andazi. Joash akauzuia ukuta wa mbele kwa mgongo, wa kulia kwa kiwiko, wa kushoto kwa mguu.

"Fundi!" Sasa alikuwa mwalimu wa katekisimu mwenyewe. "Tunaweza kuingia na sisi?"

"Bado, mwalimu! Bado nastarehe!"

"Tumsaidie kwa wimbo," akasema mwalimu, na wakwe thelathini na wawili wakaanzisha tenzi. Kwenye kiitikio wakapiga makofi. Kwenye ubeti wa pili wakapiga miguu chini. Na ardhi ya uani ikatikisika kidogo, kidogo tu.

Ukuta ukaenda mbele polepole, kwa heshima, kama mzee anayeinama kusalimu. Ukalala uani, *paa*, uso juu. Joash akabaki amesimama chini ya mvua yake, ameshika karai mahali panapostahili karai.

Wimbo ukakatika. Hakuna aliyemtazama Joash hata hivyo. Wote walikuwa wanatazama kilicholala miguuni pao, kwa maana rangi ya kijani ilikuwa imekwisha, na maandishi meusi yalikuwa yamejitokeza, marefu kama mkono. Mwalimu wa katekisimu akavaa miwani, akasoma kwa sauti ya kanisani:

"NI MARUFUKU KUOGA HAPA. KWA AMRI."

Katika miaka ile karatasi ya serikali ingeweza kukutokea popote: mlangoni, shambani, njiani ukienda kuteka maji. Hakuna aliyeshangaa sana kwamba sasa imefika bafuni. Jamleck akavua kofia. Wazee wawili wakaweka vikombe chini. Mmoja akanong'ona, "Wamejuaje kwamba tunakuja leo?"

Tapeli halisi haachi nafasi ipite, hata akiwa na karai tu.

"Wazee wangu, mmesikia wenyewe," akasema Joash, meno yakigongana. "Mimi ni mtu wa sheria. Nimekatazwa kuoga, nimeacha. Naomba suruali niende zangu."

Jamleck mwenyewe akamletea suruali, kwa mikono miwili. Joash akavaa, akajipitisha katikati ya wakwe akiwainamia kushoto na kulia, akafika getini. "Nzioka, sukuma!" Nzioka akainua mikono ya mkokoteni.

"Baba Njambi," akasema Wangui. Alikuwa amechuchumaa ndani ya bafu, anakwangua ukuta wa nyuma kwa kucha. Chini ya kijani kulikuwa na chokaa, chini ya chokaa kulikuwa na MARUFUKU. Akakwangua wa pembeni: KUOGA. "Serikali imeanza lini kuandika chini ya rangi?"

Jamleck akairudisha kofia kichwani. Uso ulimbadilika kama mbingu ya Aprili.

"Fundi," akasema Wangui, na hakupandisha sauti, "uliapa nini hapa, ukishika mkongojo wa mama mkwe wangu?"

Joash akajifunga vizuri kifungo cha suruali.

"Nikukumbushe?"

"Nakumbuka, mama."

"Ungejenga upya kwa simiti ya nani?"

"Yangu."

"Na iko wapi simiti yako?"

Joash akatazama mkokoteni. Wote wakatazama mkokoteni.

"Nzioka," akasema Wangui, "shusha."

Kicheko kilichozuka hapo kilisikika mpaka barabara ya Nakuru. Mwalimu wa katekisimu alicheka mpaka miwani ikaanguka, na mazungumzo ya mahari, yaliyotazamiwa kula siku nzima, yakaisha kabla ya chai. Mtu ukishacheka na mwenzako hivyo, utambania nini tena?

"Mzee," akasema Joash, mfuko wa kwanza ulipogusa ardhi, na sauti yake kwa mara ya kwanza ilikuwa haina mafuta. "Chukueni mitano. Niachieni mmoja. Ni wa kaburi la mke wangu. Watamgeuza mwisho wa mwezi."

Wakacheka zaidi ya mwanzo.

"Jana Beljiamu, leo kaburi!" akasema Jamleck akijipangusa machozi. "Huyu mtu ni bahari!"

Nyanya Wahu peke yake hakucheka.

Jumatatu Joash akaanza. Akapanga mawe, akaosha mchanga, moja kwa tatu, akasugua kwa mwiko wa chuma mpaka ukuta ukarudisha uso wake. Siku saba za kuumwagia maji, Nyanya Wahu aliamua ni nani atakayeyabeba. Madebe kumi na manne kwa siku, kutoka mtoni, mgongoni. Debe la tatu tu, siku ya kwanza, Joash aliketi njiani akaitafakari upya hesabu yake ya wanawake wa Uthiru. Akaiona ina kasoro.

Siku ya mwisho bibi alikuja na kikombe, akautupia ukuta maji. Yakateleza kama juu ya jani la nduma.

"Kumbe unajua," akasema.

"Najua, nyanya."

"Nyanya nini, wakati ulisema hatuwezi kupanda ngazi." Akatoa debe chini ya shuka lake, akaliweka miguuni pa Joash. Robo tatu simiti, iliyokwanguliwa kutoka mifukoni. "Mama Njambi anajua. Mwanangu hajui, na usimwambie."

Joash akapiga goti, akalifunika debe kwa shati lake.

"Sijasema nimekuamini," akasema bibi. "Lakini mzee wangu walimzika wao wa serikali, mwaka wa hamsini na nne. Hata bati hawakunipa. Toka, nenda."

Debe moja halijengi kaburi. Joash alijua hivyo kuliko mtu yeyote mjini. Linatosha kibao kimoja, upana wa kifua. Akakimimina chumbani kwake, na kabla hakijakauka akachukua ule ule msumari wa marumaru. Upande wa chini, utakaolala udongoni, aliandika NANJALA, basi. Upande wa juu aliandika kwa herufi nzito, zilizonyooka, kama za ofisini. Tarehe 29 akakibeba begani mpaka makaburini, akakikandika juu ya namba 318.

Tarehe mosi Oktoba wachimbaji walikuja na makoleo, wakigeuza mstari mzima. 316. 317. Wakasimama. Msimamizi wao akasoma, akasoma tena, akaondoa koleo lake juu ya udongo kama aliyekanyaga moto.

NI MARUFUKU KUCHIMBA HAPA. KWA AMRI.

Wakalizunguka, wakaendelea na 319. Mwenye daftari akaja mbio na kalamu zake tatu, akasoma, akazirudisha mfukoni. Akamwandikia mkubwa wake kuuliza. Mkubwa wake akamwandikia mkubwa wa juu, kwa maana hakuna aliyetaka kuwa yule aliyevunja amri, na hakuna aliyetaka kukiri kwamba haijui. Barua ikapanda, ikapanda, na kama mjuavyo barua za huko juu, haijashuka. Walioketi kwenye viti vile wameondoka, wengine wamekalia, bendera yenyewe imebadilishwa, na kila anayeingia hulikuta faili mezani, hulifungua, husoma swali lile lile moja, hulifunga.

Amri ya nani?